UZI: Oscar Micheaux, mkulima aliyewauzia majirani wazungu hisa ili amsute baba mkwe wake kwenye sinema

RiliYaTatu (mleta uzi)

Wadau, heshima kwenu. Kwenye ule uzi wa filamu za zamani kuna mtu aliuliza kama enzi za sinema bubu kulikuwa na mwongozaji yeyote mweusi. Akajibiwa kwa mkato kwamba hakukuwepo, weusi walikuwa wa kuchekesha na kubeba mizigo tu. Nikaona nikinyamaza nitavimba.

Alikuwepo. Oscar Micheaux, Mmarekani. Aliandika, alisaka pesa, aliongoza, alihariri, kisha akabeba rili zake (mikanda ya filamu) mwenyewe kwenda kuziuza mji hadi mji. Kuanzia 1919 hadi 1948 alitoa filamu zaidi ya 40, na zaidi ya nusu ni za enzi ya bubu. Studio za Hollywood hazikumpa hata senti.

Niseme mapema nilipo, ili mnibishie vizuri: mimi naamini sehemu kubwa ya kazi ya huyu bwana ilikuwa kesi kati yake na baba mkwe wake. Mahakama hakuipata, akajenga ya kwake kwa kitambaa cheupe na projekta.

Tuanze shambani.

Alizaliwa 2 Januari 1884 karibu na mji wa Metropolis, jimbo la Illinois, kwenye familia ya wakulima yenye watoto kibao. Jina la ukoo lilikuwa Michaux, hiyo "e" kaiongeza mwenyewe. Ujanani akaenda Chicago, akahangaika na vibarua, mwisho akapata kazi ya uhudumu kwenye mabehewa ya kulala ya kampuni ya Pullman. Kutandika vitanda, kung'arisha viatu vya abiria, kusema "ndiyo bwana" usiku kucha. Lakini kazi ile ilimpa vitu viwili ambavyo kijana mweusi wa kijijini hakuvipata kirahisi: akiba benki, na ramani ya nchi nzima kichwani. Kila kituo alikijua.

Mwaka 1904 serikali ya Marekani ilifungua kwa walowezi sehemu ya ardhi ya Rosebud kule South Dakota, ardhi iliyokuwa ya Wahindi Wekundu wa Lakota (tusilipite hilo kimyakimya, ardhi ilikuwa na wenyewe). Micheaux akanunua kiwanja huko kwa akiba yake, akaanza kulima 1905. Majirani karibu wote wazungu. Ukulima wenyewe alikuwa hajui, wauza farasi na nyumbu wakampiga kweupe, jembe linaruka nyasi badala ya kupasua udongo. Majirani wakakaa wanasubiri aondoke. Hakuondoka. Kufikia 1910 alikuwa na karibu ekari 500.

Hapo ndipo akaoa. Na hapo ndipo matatizo.

Nitaendelea jioni nikitoka kazini.

Kipanga_Mbeya

Nimeweka kigoda. Usitufanyie kama wale wa "itaendelea" halafu unapotea miezi sita.

Mkorofi77

Hii nayo chai. Mwaka 1910 mweusi ana ekari 500 Marekani? Weka sukari kidogo basi.

RiliYaTatu

Mkorofi, chai gani? Ardhi ya serikali walowezi walipewa au waliuziwa kwa bei ya kawaida, na kule kaskazini magharibi sheria hazikumzuia mweusi kumiliki. Wachache tu ndio waliothubutu kwenda kukaa kwenye baridi ile peke yao. Micheaux mwenyewe alikuwa anaandika barua kwenye magazeti ya weusi Chicago akiwasema vijana wa mjini: njooni mlime, acheni kusimama kwenye kona. Walimsoma, hawakwenda.

RiliYaTatu

Haya, sehemu ya pili.

Mwaka 1910 alimuoa Orlean McCracken, binti wa Chicago, mtoto wa mchungaji. Na si mchungaji wa kanisa la makuti: mzee Newton McCracken alikuwa mkubwa kwenye kanisa la AME (kanisa la Kimethodisti la weusi wa Marekani), anayesimamia wachungaji wengine. Binti wa nyumba ya aina hiyo kapelekwa kwenye kibanda katikati ya nyika, upepo unapiga, jirani yuko mbali, mume anashinda shambani au safarini. Akapata mimba. Mtoto akazaliwa amekufa, na Micheaux hakuwepo nyumbani siku hiyo, alikuwa kwenye shughuli zake za ardhi.

Baba mtu akaja, akamchukua binti yake akarudi naye Chicago. Kwa maelezo ya Micheaux, hata shamba lililoandikwa jina la mke liliuzwa na pesa ikaishia kwa mzee. Alimfuata mke Chicago. Hakurudi naye.

Kisha ukaja ukame, madeni yakamla, ardhi ikaondoka.

Mtu mwingine angekunywa pombe. Yeye akaandika kitabu. *The Conquest*, 1913, bila jina la mwandishi, akakitembeza mwenyewe mlango kwa mlango kwa wakulima walewale wazungu waliokuwa wakimcheka. Mwaka 1917 akaandika kingine, *The Homesteader*, kisa kilekile lakini moto umeongezwa kuni. Mke kwenye kitabu anaitwa Orlean. Hakubadilisha hata jina! Mchungaji McCracken akawa mchungaji McCarthy. Kama vile watu wa Chicago hawajui kuunganisha.

Kitabu hicho kikaangukia mikononi mwa George Johnson, karani wa posta mjini Omaha, ambaye yeye na kaka yake Noble walikuwa na kampuni ndogo ya filamu za weusi, Lincoln Motion Picture Company. Wakamwandikia Micheaux mwaka 1918: tuuzie haki tukitengeneze. Akawajibu kwamba sawa, ila mimi niwepo kwenye utengenezaji, na filamu iwe ndefu. Wenzake walikuwa wanatoa filamu za rili mbili tatu, mtu hajawahi kushika kamera anadai rili sita au zaidi! Mazungumzo yakavunjika.

Basi akaanzisha kampuni yake, Micheaux Film and Book Company. Mtaji akauchuma kwa kuuza hisa kwa wakulima na wafanyabiashara wazungu wa maeneo ya Sioux City, Iowa, dola 75 hadi 100 kwa hisa. Yaani watu walewale waliomnunulia kitabu, sasa wakamnunulia filamu ambayo haipo bado.

*The Homesteader* ilitoka Chicago Februari 1919, rili nane. Ndiyo filamu ndefu ya kwanza kutengenezwa na mweusi wa Marekani. Anayecheza Orlean ni Evelyn Preer, binti mrembo mwenye kipaji ambaye Micheaux alimtumia tena na tena baadaye. Na mnajua kilichotokea kabla haijaonyeshwa? Wachungaji watatu weusi wakaenda bodi ya ukaguzi kushtaki kwamba filamu inamchafua mtumishi wa Mungu anayejulikana mjini. Bodi ikaizuia kwanza, kisha ikaiachia.

Micheaux akaichukua hiyo kama tangazo la bure.

MamaKijora

Nimesoma yote, ahsante mleta uzi, ila niulize kama mwanamke. Huyo Orlean alisema nini? Maana naona bwana kaandika vitabu viwili na filamu juu, baba mtu kageuzwa shetani, binti kageuzwa dhaifu. Mwanamke kafiwa na mtoto, mume hayupo, baba yake kaja kumchukua. Kwetu Tanga huyo baba angepongezwa. Binti akirudi kwao kupumzika na uzazi ni kosa?

Kipanga_Mbeya

Mama Kijora kaua.

RiliYaTatu

Mama, umenishika pabaya na sina ubishi. Upande wa Orlean hatunao, tulionao ni wa mwenye kalamu na kamera. Na usisahau kwamba kwenye hadithi yake Orlean anamuua baba yake kisha anajiua, na shujaa anabaki huru kumuoa binti wa Kiskoti aliyempenda tangu mwanzo, ambaye mwishoni "inagundulika" ana damu ya weusi, kwa hiyo ruksa. Mtu anayejiandikia mwisho wa namna hiyo huwezi kumwita shahidi asiye na upande.

Ndiyo maana nasema ilikuwa kesi. Ila alikuwa mlalamikaji, wakili na hakimu mtu mmoja.

MamaKijora

Haya, endelea. Nimekusamehe wewe, yeye bado.

RiliYaTatu

Sehemu ya tatu, na hapa naomba mtulie kwa sababu ndiyo filamu niliyoitazama mara nyingi zaidi.

Kiangazi cha 1919 Chicago iliwaka. Kijana mweusi wa miaka 17, Eugene Williams, alikuwa anaogelea Ziwa Michigan, maji yakamsogeza upande wa wazungu, akarushiwa mawe akazama. Polisi hawakumkamata mrusha mawe. Vurugu za siku kadhaa, watu 38 wakafa, weusi 23 na wazungu 15. Na wakati huohuo, nchi nzima ilikuwa bado inaisifia *The Birth of a Nation* ya D. W. Griffith ya 1915, inayoonyesha Ku Klux Klan, lile genge la wazungu wabaguzi, kama waokoaji na mweusi kama mbakaji.

Miezi michache baadaye, Januari 1920, Micheaux akaleta *Within Our Gates*. Bodi ya Chicago ikaikataa mwanzoni kwa hofu kwamba itarudisha vurugu. Jamii ya weusi yenyewe iligawanyika, wapo waliosema ionyeshwe, wapo waliosema jamani tumezika juzi tu. Ikapita baada ya kukatwakatwa, na Micheaux kwenye matangazo akajigamba kwamba hii ndiyo filamu iliyowasumbua wakaguzi miezi miwili mizima. Ilianza kuonyeshwa ukumbi wa Vendome.

Kisa chake: Sylvia, mwalimu mweusi, anaenda Boston kutafuta dola 5,000 za kuokoa shule ya watoto masikini kule Kusini. Anayemcheza ni Evelyn Preer tena. Mpaka hapo unaona filamu ya kawaida ya maadili. Kisha, karibu na mwisho, inarudi nyuma kusimulia Sylvia ametokea wapi, na hapo ndipo pumzi inakukata.

Baba mlezi wa Sylvia ni mkulima wa kukodi. Binti kasoma, sasa anamsaidia mzee hesabu, na mzee anakwenda kwa mwenye shamba na hesabu iliyonyooka. Mwenye shamba anapigwa risasi dirishani na mzungu fukara mwenye kinyongo chake. Lawama anabebeshwa mzee. Kundi linakuja. Sasa angalia jinsi Micheaux alivyounganisha picha. Huku, wanaume na wanawake na watoto, familia nzima za kizungu zimevaa kama zinakwenda pikiniki, wanafunga kamba. Kule, Sylvia yuko peke yake ndani ya nyumba na mzungu mzee kaingia, anamkimbiza kuzunguka meza. Kamba. Meza. Moto unawashwa. Nguo inachanika. Picha haikai zaidi ya sekunde chache, inaruka. Yule mzee anapomchana nguo anaona kovu kifuani, anasimama. Kovu lile analijua. Huyu ni binti yake wa kumzaa.

Griffith ndiye aliyesifiwa dunia nzima kwa kuruka hivi kati ya hatari mbili, ila kwake mpanda farasi wa Klan anawahi kuokoa. Micheaux katumia mbinu ileile na hakuna anayewahi. Tena kampindua: mbakaji ni mzungu, na msichana mwenyewe ni ushahidi kwamba si mara ya kwanza.

Na mchungaji je? Yumo! Anaitwa Old Ned. Anawahubiria weusi kwamba kura na elimu ni vitu vya dunia, mbingu inawasubiri. Kisha anakwenda kwa wakubwa wazungu kuchekacheka, wanampiga teke la makalio, anatoka anatabasamu. Mlango ukifungwa, tabasamu linaanguka. Anasema ameuza tena urithi wake kwa sahani ya chakula, kama Esau. Ni dakika chache, lakini uso ule baada ya mlango kufungwa nimeshindwa kuusahau. Hapo Micheaux kamchukia mchungaji na kumhurumia kwa mkupuo mmoja. Sidhani kama aliwahi kufanya hivyo tena.

MwanaChuoMlimani

Mkuu swali la kizembe. Filamu bubu walielewaje? Ukumbi mzima kimya?

RiliYaTatu

Si swali la kizembe. Kimya hakikuwepo. Kulikuwa na vibao vya maandishi katikati ya picha, na asiyejua kusoma alisomewa na jirani. Na muziki ulipigwa palepale. Vendome ilikuwa na bendi yake chini ya Erskine Tate, na katikati ya miaka ya 1920 Louis Armstrong alikuwa anapuliza tarumbeta kwenye bendi hiyo kusindikiza sinema. Fikiria kiingilio hicho.

MwanaChuoMlimani

Wacha wee. Kumbe ni kama vibanda umiza vyetu na yule jamaa anayetafsiri juu ya picha, ila wao badala ya mtafsiri wana Armstrong.

Mkorofi77

Nimeitafuta nimeitazama, ile chai naifuta. Ila nina jambo. Huyu mkombozi wenu mbona mashujaa wake wote weupe weupe? Sylvia yule ukimweka Oman anapita. Wabaya na vichekesho ndio weusi tii. Tusifichane.

DadaWaTemeke

Umenena. Mkorogo wa kwenye skrini.

RiliYaTatu

Ni kweli, na walimshambulia kwa hilo hata enzi zake. Magazeti ya weusi yalisema, na mwaka 1938 filamu yake moja ya sauti, *God's Step Children*, ilisababisha maandamano Harlem, mtaa wa weusi New York, kwa sababu ya mambo hayahaya ya rangi ndani ya weusi. Wapo wanaomtetea kwamba alikuwa anauonyesha ugonjwa uliokuwepo. *The Symbol of the Unconquered* ya 1920 mbaya wake ni mweusi mweupe anayejifanya mzungu na kuwachukia weusi wenzake, kwa hiyo tatizo alilijua. Lakini kujua tatizo na kuliacha likuchagulie waigizaji ni vitu viwili. Mimi simtetei hapo.

DalaliWaStendi

Wakuu, mimi si msomaji wa nyuzi ndefu ila hii ya kutembeza imenigusa. Niliwahi kutoa filamu, miaka ile ya CD. Nilikopa, nikapiga picha siku kumi na moja nyumbani kwa shangazi, nikaipeleka kwa msambazaji mmoja, jina nalihifadhi. Kaniambia bei moja, chukua au acha, haki zote zake. Nikachukua. Baadaye naikuta filamu yangu hadi kwenye basi la Songea, abiria wanacheka, na mimi sina nauli ya kurudi. Huyo mzee wenu aliwezaje bila kupita kwa hao?

RiliYaTatu

Dalali, pole sana kaka. Hapa ndipo namwita Micheaux machinga wa sinema, na ninamaanisha sifa.

Alifanya hivi. Anamaliza filamu ya mwaka huu, anaiweka kwenye gari pamoja na mswada wa filamu ya mwaka ujao na picha kubwa za waigizaji. Anakwenda kwa mwenye ukumbi, mwanaume mrefu, kavaa koti refu la manyoya, anaongea kama mhubiri (ndiyo, alichukia wachungaji na alikuwa na sauti ya mchungaji). Anamuuzia ya sasa, kisha anatoa picha: tazama huyu binti, hii itakuwa moto, nipe arbuni uwe wa kwanza mjini kwako. Anaondoka na arbuni. Akirudi nyumbani na arbuni za miji kumi na tano, ana pesa ya kuanza kupiga picha. Waigizaji anawaita kwa majina ya mastaa wa wazungu, Lorenzo Tucker akawa "Valentino Mweusi". Mwenye ukumbi anaelewa bila maelezo.

Na kumbi zenyewe zilikuwa za namna mbili: za weusi mijini, na za wazungu Kusini ambazo usiku wa manane wazungu wakishakwenda kulala zilifunguliwa kwa weusi. Kopi zilikuwa chache, ileile inahama mji. Kila mji una mkaguzi wake na mkasi wake, ndiyo maana filamu moja ilikuwa na sura tofauti kila ilipofika. Virginia walimkimbiza mara kadhaa kwa kuonyesha bila kibali.

Gharama aliibana mpaka ikalia. Picha moja, mara moja. Mwigizaji akikosea, imetoka hiyo. Nyumba za marafiki ndizo studio. Watu wanaomsema kwamba filamu zake zina makosa ya kitoto wanasema kweli, ila waangalie na bajeti.

Lakini usidhani mbinu hiyo ilimtajirisha. Februari 1928 alifilisika rasmi mahakamani.

MtuWaKisumu

Salamu kutoka upande huu wa ziwa. Niliskia Paul Robeson, yule mwimbaji na mwigizaji mweusi maarufu, alianza na huyu Micheaux, ni kweli ama ni porojo?

RiliYaTatu

Kweli tupu, na ndiyo nilikuwa naielekea. *Body and Soul*, 1925, ndiyo filamu ya kwanza ya Robeson. Mkataba: dola 100 kwa wiki, na asilimia 3 ya mapato baada ya dola 40,000 za kwanza. Mnaotoa filamu hapa mnajua hiyo asilimia inayoanza baada ya kiwango fulani huishia wapi.

Na bashirini Robeson kapewa nafasi gani. Mchungaji! Mchungaji feki, mfungwa aliyetoroka, anakunywa, anakula sadaka, anamharibu binti wa muumini wake na kumwibia mama mtu akiba iliyofichwa ndani ya Biblia. Robeson huyohuyo anacheza pia pacha wake mwema, ambaye hana cha kufanya zaidi ya kuwa mwema. Zaidi ya miaka kumi baada ya Orlean kuondoka, jamaa bado anakwenda na mzee McCracken.

Kuna picha moja ya viatu. Mvua, binti kajibanza kibanda cha porini na mchungaji. Hatuonyeshwi kitendo. Tunaonyeshwa viatu vya mwanaume vinatembea polepole kuelekea chumba alimolala binti, mlango unafunguka, basi. Robeson alikuwa na mwili wa mchezaji mpira na tabasamu la kuyeyusha jiwe, na Micheaux kaligeuza tabasamu hilo kuwa kitu cha kutisha.

Wakaguzi wa New York wakaikataa kwa kumdhalilisha mtumishi wa Mungu. Akakata, wakakataa, akakata tena. Mwisho wa filamu tunaambiwa mambo mengi yalikuwa ndoto ya mama mtu. Sijui nani alimwamini.

MtuWaKisumu

Asante ndugu. Niongeze kidogo hapo. Huyo Robeson baadaye akiwa London alicheza *Sanders of the River*, ikatoka 1935, na ndani yake kuna mmoja wetu: Jomo Kenyatta, wakati huo akiwa mwanafunzi mwenye njaa huko Ulaya, alilipwa kucheza kama chifu, nafasi ndogo tu ya kupita. Robeson mwenyewe baadaye aliichukia hiyo filamu kwa sababu iliishia kuusifu ukoloni. Kwa hivyo mkiona ule uzi wa "rais aliyewahi kuwa mwigizaji", si Reagan pekee.

Kipanga_Mbeya

Eeeh! Hii sikuijua. Kwa hiyo kutoka Micheaux hadi Kenyatta ni hatua moja tu, Robeson.

RiliYaTatu

MtuWaKisumu umenipiku kwenye uzi wangu mwenyewe, nakubali.

Namalizia. Sauti ilipokuja, kampuni nyingi ndogo za weusi zilikufa kwa sababu vifaa vya sauti vilikuwa ghali. Micheaux akapata nguvu kwa wenye kumbi wazungu wa Harlem, akatoa *The Exile* mwaka 1931, filamu ndefu ya kwanza ya sauti iliyotengenezwa na mweusi. Mnataka kujua inahusu nini? Mkulima mweusi South Dakota.

Filamu zake za sauti mimi hazinikai vizuri. Kwenye bubu alikuwa anafikiri kwa picha, kwenye sauti watu wanasimama mstari mmoja wanakariri. Miaka ya 1940 akarudi kwenye vitabu, na 1943 akaandika *The Wind from Nowhere*. Mkulima mweusi. Dakota. Mke dhaifu. Baba mkwe. Mwaka 1948 akiwa na afya mbovu akakigeuza kitabu hicho filamu, *The Betrayal*, zaidi ya saa tatu, ikafunguliwa New York kwenye ukumbi wa hadhi. Wahakiki wakaipasua.

Hesabuni: 1913, 1917, 1919, 1931, 1943, 1948. Kisa kimoja mara sita.

Alifia Charlotte, North Carolina, 25 Machi 1951, akiwa safarini kikazi. Akazikwa Great Bend, Kansas, kwa ndugu zake. Kaburi lilikaa miaka mingi bila jiwe.

MamaKijora

Mara sita! Na mke mwingine hakuoa?

RiliYaTatu

Alioa mama, 1926, Alice Russell, mwigizaji. Huyu alikaa naye hadi mwisho, akacheza kwenye filamu zake na kumsaidia utayarishaji. Ndoa njema. Hakumtengenezea filamu hata moja.

MamaKijora

Wanaume nyie.

MwanaChuoMlimani

Mkuu, hiyo *The Homesteader* ya kwanza inapatikana wapi? Natafuta sioni.

RiliYaTatu

Huwezi kuiona, imepotea. Katika filamu zake zote za bubu zimebaki tatu tu: *Within Our Gates*, *The Symbol of the Unconquered* na *Body and Soul*. Zile rili za zamani zilikuwa za naitreti, zinashika moto kama petroli na zisipoungua zinaoza zenyewe zinakuwa unga. Na nani angetunza rili za kampuni iliyofilisika?

Hata hizo tatu, mbili zimeokolewa na ughaibuni. *Within Our Gates* Wamarekani walidhani imekwisha kabisa, ikaja kukutwa Madrid kwenye hifadhi ya taifa ya filamu, imeandikwa *La Negra*, maandishi yote Kihispania. Vibao vinne tu ndivyo vilivyobaki na Kiingereza cha Micheaux. Library of Congress, maktaba ya taifa ya Marekani, wakaitengeneza 1993 kwa kuyatafsiri maandishi ya Kihispania kurudi Kiingereza. Kwa hiyo unaposoma yale maneno, hayo si maneno yake hasa. Yamekwenda Hispania yakarudi yamebadilisha nguo. *The Symbol* nayo imekutwa Ubelgiji, ina maandishi ya Kifaransa na Kiflemi, na sehemu muhimu kuliko zote, pale Klan wanapopigwa, haipo. Rili imekatika hapo hapo.

DalaliWaStendi

Basi nami ngoja niikague ile kopi ya basi la Songea. Huenda ndiyo iliyobaki.

DadaWaTemeke

😂😂 Dalali usituue.

Mkorofi77

Mleta uzi, nairudia leo usiku na mzee wangu, yeye ni mzee wa kanisa. Ile ya Old Ned kupigwa teke ni dakika ya ngapi? Nataka nijue nitoke kuchukua maji muda gani.

RiliYaTatu

Usitoke. Kaa umtazame yeye, siyo skrini.